Jiwe la Himbi

Nilidhani ni uchafu.
Mwaka wa kwanza nilipolipata jiwe langu la kufulia pale Himbi,
mahali ambapo moto wa kale uliingia ziwani
ukazimika umekunja uso,
nilikuta doa la kijivu, kubwa kama kifungo cha koti.
Nikalisugua kwa brashi. Nikalisugua kwa majivu,
kwa sabuni ya mche, kwa kisigino.
Shuka za watu zilitakata; doa likabaki.

Ukitaka kulibandua utabandua jiwe.
Halina jani, halina shina,
mzizi wake sijauona.
Pembeni limepasukapasuka kama udongo wa kiangazi
na katikati lina vidoti vyeusi
ambavyo mwanzoni niliviita mayai ya chawa,
Mungu anisamehe.

Kakule, mtoto wa dada yangu, anayesomea mimea,
alikuja siku moja na lensi
akapiga magoti majini na suruali yake ya Jumapili.
"Mama mdogo, hawa ni wawili," akasema.
"Kuvu na mwani. Kuvu anajenga nyumba,
mwani anapika kwa jua.
Jina lao moja: kuvumwani."
Nikacheka. Nikamwuliza nani kati yao analipa kodi.

Kumbe nilikuwa nimeshaanza kulihesabu.
Kavira alipozaliwa: kifungo cha koti.
Mlima ulipotapika tukakimbilia Sake, godoro kichwani,
tukarudi tukakuta mtaa umekuwa jiwe jeusi linalotoa moshi,
nilishuka ziwani kabla ya kuitafuta nyumba.
Lilikuwepo.
Kavira alipoolewa, mdomo wa glasi.
Miaka ishirini, na halikuwahi kuharakishwa na mtu.

Mwezi wa sita alikuja Bwana Mutsuva
na karatasi yenye mihuri mitatu
na jiwe la mpaka, ambalo alidai marehemu baba yake alilisimika
hapa hapa, kabla yetu sote.
Chefu wa avenyu akavaa miwani.
Wanawake tukasimama na mabeseni yetu.
Aliyejua kusoma karatasi alisoma karatasi.
Mimi nilisoma jiwe.

Juu lilikuwa jeusi, tupu, kama sufuria ya dukani.
Nikaingiza vidole chini yake, nikalipindua:
tumboni, upande uliolalia matope,
madoa, mengi, yamebanana kama mashamba ya ndugu,
mengine yamekwisha kuwa kahawia kwa kukosa mwanga.
Kitu hiki hakioti gizani, nikasema.
Jiwe hili lilikaa miaka mahali pengine, uso juu,
na juzi tu limelazwa kifudifudi.

Hakuna aliyepiga makofi.
Bwana Mutsuva alisema jiwe haliapi mahakamani.
Chefu alilikwaruza kwa ufunguo wa pikipiki,
akanusa ufunguo,
akaikunja ile karatasi mara nne, akasema turudi Jumatatu.
Jumatatu nyingi zimepita.
Mashimo ya nguzo yamechimbwa; nguzo hazijaja.
Mvua imeyajaza, watoto wanaogeshea humo vyura.

Jioni ile, wenzangu walipopakia nguo kwenye chukudu,
nilibaki nyuma
nikaligeuza tena jiwe lile ambalo si langu,
uso wake juu, kuelekea maji.
Sijui kama waliokauka watafufuka.
Kakule naye hajui.
Nililimwagia maji yasiyo na sabuni,
kiganja kimoja tu,
kisha nikaenda kudai pesa yangu ya shuka.